Jina Mgongoni mwa Elias

Siku mliyoniaga pale Makambako mlinipa blanketi zito, seti ya sufuria, na sifa ambazo laiti ningezisikia nikiwa bado kazini ningefika ofisini mapema zaidi. Watu walipokuwa wanagombania soda, kijana mmoja wa masjala akaniinamia sikioni: "Mama Vizazi, ni kweli wewe ndiye uliyemkosesha Elias jezi ya taifa?" Nikamwambia ale keki kwanza. Alikula, akafuta mdomo, akarudi kusimama palepale. Nikamwahidi kwamba nitaandika.

Basi naandika. Niko nyumbani Njombe, blanketi lenu magotini, maana Juni ya huku si mwezi wa mzaha. Nimechoka, na nawaambia mapema ili msije mkadhani ni hasira. Miaka thelathini na minne ya kuandika waliozaliwa na waliokufa humchosha mtu mahali ambapo usingizi haufiki. Vyeo na mishahara sitavigusa, vilikuja vilivyokuja. Nitasema kazi ilivyonifundisha, halafu nitasema habari ya Elias na cheti cha baba yake, kwa kuwa mji mzima umeshaisimulia isipokuwa mimi.

Nilianza Njombe mjini, mwezi wa Julai, siku ambayo ukungu ulikuwa umeshuka mpaka kwenye vizingiti. Nilivaa viatu vya wazi kwa sababu ndivyo vilivyokuwa vizuri. Mzee Mwalongo, karani wa meza ya vizazi na vifo, aliviangalia, akalisukuma jiko lake la mkaa kwa mguu mpaka likaja upande wangu chini ya meza. Hayo ndiyo yalikuwa makaribisho. Hotuba hakuwa nazo.

Hakunipa kalamu siku hiyo. Alinikalisha kwenye benchi la nje pamoja na wananchi tangu asubuhi hadi adhuhuri, kisha akaniita ndani. "Umeona nini?" Nikasema nimeona foleni. "Kesho rudi hukohuko." Siku ya tatu nikamwambia nimeona mwanamke akikariri tarehe ya kuzaliwa ya mtoto wake kwa kunong'ona, kama anayejifunza sala. Ndipo akanipa kalamu. "Mwenye tarehe ya kweli hakariri," alisema.

Vifaa vilikuwa vichache. Daftari kubwa la jalada gumu ambalo lilihitaji mikono miwili, rula, mhuri, na wino mweusi ambao asubuhi za baridi tuliupasha karibu na jiko ndipo ukubali kutiririka. Lakini kifaa chenyewe hasa kilikuwa sanduku la kadi. Hakuna mkubwa aliyemtuma Mzee Mwalongo kulitengeneza. Alilipigilia mwenyewe kwa mbao za paini. Kila aliyeandikwa daftarini alikuwa na kadi yake, na kadi zilipangwa kwa ukoo, kijiji na jina la babu. "Mtu anaweza kubadili jina lake," alikuwa akisema, "babu yake hawezi kumbadili." Alipostaafu aliniachia sanduku lile, na nilipohamishiwa Makambako nilihama nalo kama watu wanavyohama na kuku. Kompyuta zilipokuja mlinicheka. Nami nilicheka, lakini sanduku sikulitupa.

Kesi ngumu zilikuwepo tangu mwanzo. Mama mmoja alipanda kutoka Lupingu kule ziwani, siku mbili njiani, na watoto watatu aliotaka waandikwe wote kwa mpigo. Tarehe zake zilikuwa za ziwani: huyu alizaliwa dagaa walipojaa, huyu upepo ulipowazuia wavuvi wiki nzima, huyu mdogo nyavu za baba yake zilipoibwa. Mzee Mwalongo alimuuliza taratibu mpaka majira yakawa miezi na miezi ikawa tarehe. Tulifunga ofisi jioni na hatukula. Mwanamume mwingine alikuja kuandikisha mtoto wake, na kabla sijakausha wino akasema anaomba pia cha kifo, mtoto huyohuyo. Nilikwenda uani nikalia. Mzee Mwalongo aliniacha nilie, kisha akaja akasema watu wako kwenye foleni.

Na kulikuwa na jambo moja ambalo ninyi wa leo mnalisikia tu. Zamani zetu nafasi za sekondari zilihesabika kwa vidole. Mtoto akifeli darasa la saba, safari imeishia hapo, na kurudia kwa jina lake ilikuwa marufuku. Wazazi wetu hawakukubali. Mtoto alipelekwa kijiji kingine kwa mjomba au shangazi, akaingizwa darasani kwa jina la mtoto wa pale aliyeacha shule, akafanya mtihani upya. Akifaulu, jina lile analo mpaka kaburini. Hakuna aliyeiita wizi. Iliitwa kurudia. Mwalimu mkuu alifanya kwa huruma, mjomba akashukuru kwa jogoo, na mzazi akamshukuru Mungu. Nimewaandikia viapo wauguzi wa namna hiyo, na madereva, na mchungaji mmoja ambaye mahubiri yake nayapenda hadi leo. Mwenye jina alikuwa porini anachunga au shambani anapalilia. Yeye hakuulizwa, nami kwa miaka mingi sikukumbuka kwamba angepaswa kuulizwa.

Makambako ilinipokea na vumbi, malori, na mpira. Nilipokuwa Njombe watu waliomba vyeti kwa ajili ya shule. Makambako walianza kuja vijana wanaotaka kwenda Ulaya kucheza, au angalau Dar es Salaam kuonekana na watu wa Ulaya. Wakala mmoja mwenye miwani ya jua, siku isiyo na jua, aliniletea kijana wa miaka kumi na saba. Nikamtazama kijana. Alikuwa na ndevu za kunyoa mara mbili kwa wiki, na mlangoni mtoto mdogo alikuwa anamwita baba.

"Kijana wangu," nikamuuliza, "huyu mtoto ulimpata ukiwa darasa la ngapi?"

"La tano, mama," akajibu, halafu akaangalia chini.

Wakala akasema Ulaya hawamtaki mtu akishavuka ishirini. Nikamwambia wasipomtaka, sisi huku bado tunamtaka, ana mtoto. Waliondoka wakinitukana kwa adabu. Wa namna ile walikuja wengi, na nilikuwa nawahurumia kuliko walivyodhani. Mtu anayekuomba umpunguzie miaka sita ya maisha yake ana shida ambayo mhuri hauwezi kuitibu.

Halafu akaja Elias.

Kwanza alikuja kwenye simu. Elias Mlowe, miaka kumi na saba, winga wa kushoto wa timu ya vijana ya klabu moja ya kusini mwa Sweden. Baba yake mtu wa kwetu, mama yake Msweden. Katika video ile mtangazaji anamuuliza anatoka wapi, naye anajibu Kiswidi, kisha anageukia kamera na kusema kwa Kiswahili kilichonyooka: "Kwetu ni Njombe, Kifanya, kwa kina Mlowe." Mji ulichanganyikiwa. Bodaboda zilibandikwa stika za MLOWE matangi yote. Ukoo wa Mlowe, ambao hawajawahi kukubaliana hata juu ya mpaka wa shamba, walifanya kikao kimoja na kukubaliana kwamba ni wao. Mimi nilimtazama mara nne kwenye simu ya binti yangu. Sijui mpira, lakini nilielewa jinsi alivyokuwa anakimbia bila kuangalia nyuma, na jina limetanda mgongoni mwake.

Habari ikafuata kwamba timu yetu ya taifa ya vijana inamtaka. Alichokosa ni pasi ya Tanzania, na pasi ilitaka cheti cha kuzaliwa cha baba yake, ambaye hakuwahi kuchukua uraia wa kule. Siku zilikuwa zinabana. Zilibaki wiki tano atimize miaka kumi na minane, umri ambao sheria yetu humtaka mwenye nchi mbili achague moja, na orodha ya timu ilikuwa inafungwa wiki hiyohiyo.

Walikuja ofisini kwangu asubuhi moja ya Juni ya mwaka jana. Baba, mtu wa miaka hamsini hivi, koti zuri, Kiswahili chake kimebaki palepale alipokiacha alipoondoka. Mtoto mrefu, mpole, amejikunja kwa baridi yetu kuliko nilivyomtegemea mtu wa Sweden.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Kamwene," nikaongeza salamu ya kwetu. "Karibuni, vuteni viti karibu na jiko."

Baba akaweka mezani barua ya mtendaji wa kijiji cha Kifanya, cheti cha darasa la saba na pasi yake. Nolasko Mlowe. Alisema hakuwahi kuwa na cheti cha kuzaliwa, enzi zile hakikuulizwa.

Wakati natafuta fomu nikazungumza na mtoto. Nikamuuliza kwa nini anataka kuchezea huku wakati kule kuna viwanja vyenye majani.

"Kule kocha wenzangu anawaita majina yao ya kwanza. Mimi ananiita Mlowe. Siyo vibaya, bibi, anasema linatamkika. Lakini tangu nina miaka sita kila mtu ananiuliza hilo jina linatoka wapi, na mimi naeleza. Njombe, milima, baridi, miti, bibi aliyefariki. Nimeeleza sana. Nataka sasa nilivae mahali ambapo hawaniulizi."

Nilimpenda papo hapo. Nasema wazi ili mjue nilikuwa upande gani.

Nikaanza fomu. "Ulibatizwa wapi, baba Elias?"

"Usharika wa Mdandu," alisema haraka, kisha akakohoa. "Yaani, Kifanya. Mdandu nilipita tu."

Kalamu ikasimama. Ninyi mliozaliwa mjini mnaweza msione kitu hapo. Lakini kwa sisi wa huku, usharika ni wa Walutheri, na Nolasko ni jina la misheni, la Wakatoliki. Mimi ni Mlutheri wa kuzaliwa na sijawahi kumsikia Mlutheri anaitwa Nolasko. Na mtu hasahau alikobatizwa halafu akakumbuka kwa kukohoa.

Nikainuka nikafungua sanduku la kadi. Mlowe, Kifanya, babu Kolumba. Kadi ilikuwepo, kwa mwandiko wa Mzee Mwalongo, herufi zimelala upande mmoja. Nolasko Mlowe, mama na baba walewale wa kwenye barua, mwaka uleule. Aliandikishwa zamani na kupewa cheti mkononi, sababu ya ombi: ajira ya shamba la miti.

"Nolasko ana cheti," nikasema. "Tulimpa sisi. Sasa wewe ni nani?"

Yule bwana aliangalia makaa ya jiko. Mtoto alimwangalia baba yake. Nilitaka kumtoa mtoto nje, lakini alikuwa mkubwa na habari ilikuwa yake.

"Naitwa Festo," alisema mwishowe. "Festo Mgaya, wa Mdandu. Nilifeli darasa la saba. Mjomba alikuwa mwalimu upande wa Kifanya, akanichukua. Nolasko alikuwa ameacha shule akiwa la sita, yuko kwenye mbao. Nilikuwa na miaka kumi na minne, mama. Mjomba aliniambia, kuanzia leo ukisikia Festo, usigeuke." Akaifunika pasi kwa kiganja. "Sijageuka mpaka leo."

Mengine yalifuata kama yanavyofuatana. Alifaulu, akaenda sekondari, akaenda chuo, akapata pasi, akasafiri, akaoa, akapata mtoto, yote kwa jina la Nolasko. Kijiji cha Kifanya kilijua. Walimjua Nolasko wao, yule anayepasua mbao, na walijua huyu wa Sweden ni yule mgeni wa darasa la saba. Wakanyamaza, kwa sababu kutajwa kwenye simu ni kutamu. Mtendaji aliyeandika barua alikuwa mgeni pale. Wiki ile walikuwa wamempokea Elias kwa ngoma, wakampeleka hadi kwenye kaburi la bibi yake, akaweka maua.

Elias alimuuliza baba yake kitu kwa Kiswidi. Kisha akanigeukia mimi.

"Bibi, kwa hiyo Mlowe siyo sisi?"

Nilimpa chai.

Kisha nikaeleza njia iliyopo. Festo aape mbele ya hakimu, aandikishwe upya kwa jina lake, maombi yaende makao makuu, na watu wa Sweden waambiwe. Ni miezi. Na kule huenda wakamuuliza maswali mazito kuliko yangu.

"Tuna wiki tano, mama," Festo alisema. "Na kule nikisema mimi si mimi, sijui wataniweka wapi. Mwache mtoto acheze kwanza. Halafu nitaapa unavyotaka."

"Waliokwishacheza hawarudi kuapa, baba. Nimekaa hapa siku nyingi."

Waliondoka bila kumaliza chai.

Baada ya siku mbili walirudi wakiwa watatu. Wa tatu alikuwa Nolasko. Mtu mfupi, mabega mapana, sweta lina unga wa mbao mpaka kwenye nyuzi, ananukia utomvu. Festo alikuwa amemfuata Kifanya na kumwangukia. Nolasko alivua kofia, akanisalimia, akakaa kwenye ncha ya kiti.

"Naomba nakala ya cheti changu," alisema. "Nimeambiwa ni haki yangu."

Ilikuwa haki yake. Na hapo ndipo mjue ugumu ulikuwa wapi, kwa sababu mjini wanasimulia kana kwamba niliombwa kughushi. Sikuombwa kughushi. Cheti kilikuwa cha kweli, mhuri wa kweli, mwombaji wa kweli. Pasi ya baba ilisema Nolasko Mlowe, mtoto alikuwa mwana wa Nolasko Mlowe kwa karatasi zote za Sweden. Nikitoa nakala ile, karatasi zote zingekaa sawa kama vigae, na uongo ungekuwa umekaa kwenye viti tu, hauonekani.

Nolasko alijaza fomu polepole, herufi kubwa za darasa la sita. Nikamuuliza, bila kumtazama, kama hana uchungu.

"Nilikuwa nao," alisema. "Niliwahi kutaka kurudi shule, wakaniambia Nolasko Mlowe ameshamaliza, yuko sekondari. Nikaulizia udereva, wanataka cheti cha darasa la saba. Nikakifuata shuleni, wakasema nilishakichukua. Nikaacha. Uchungu ukikaa sana nao unazeeka, mama." Akamwelekeza Elias kwa kidevu. "Halafu akaja huyu. Vijana wa kijiweni wananiita, Nolasko njoo umwone mwanao. Nilikuwa nakwenda kweli. Nikawa namwangalia kama wangu. Mimi nina mabinti watatu, wote wameolewa."

Nikatoa nakala. Nikagonga mhuri. Nolasko akaipokea kwa mikono miwili, akaigeuza, akamsogezea Elias mezani.

"Chukua. Mimi jina hili limenifikisha Kifanya tu. Wewe limekufikisha Ulaya. Lakini kuna neno sitalala nalo. Yule uliyemwekea maua ni mama yangu mimi. Nashukuru sana, wanangu hawajawahi kumpelekea ua. Bibi yako wewe yuko Mdandu, mzima. Jumamosi iliyopita nimenunua viazi kwake gulioni."

Festo alijifunika uso. Elias hakupiga kelele, hakulia. Alimwangalia baba yake kama anayemsubiri aseme si kweli.

"Anajua kwamba mimi nipo?" aliuliza.

"Anajua," Festo akasema ndani ya viganja vyake. "Nampigia. Nilimwambia asije, nisije, watu wasiunganishe."

"Mdandu ni mbali?" Sasa alikuwa ananiuliza mimi.

"Kwa gari ni saa moja hivi, mwanangu. Barabara ya vumbi."

Mkono wa Elias ulikuwa juu ya ile karatasi na nadhani alikuwa anaisoma, ingawa hakukuwa na mengi ya kusoma. Kisha akaiinua kwa mikono miwili kama alivyoona Nolasko amefanya, akamrudishia.

"Asante, baba mkubwa. Hiki ni cha kwako." Akamwambia baba yake, "Twende."

Mtaniuliza kama angekichukua ningefanya nini. Watu wa ofisi ya pasi wangenipigia simu kuthibitisha, ndiyo utaratibu. Nilikuwa nimebakiza muda mfupi nistaafu, nilikuwa nimempenda yule mtoto, na nilikuwa nimechoka kusema hapana kwa miaka thelathini na zaidi. Nawaambia ukweli: nilikuwa nimeshaamua kusema kwamba cheti ni halali na kukata simu. Kwa hiyo msinisifu. Mtoto ndiye aliyeniokoa, na mji unamlaumu mtu asiyestahili hata lawama hiyo.

Festo aliapa wiki ileile. Maombi yakaenda makao makuu, na makao makuu ni makao makuu. Wiki tano zikapita. Orodha ya timu ikafungwa bila Elias, akatimiza miaka kumi na minane akiwa amesharudi Sweden, na kwa kuwa hakuwa na karatasi ya kuchagulia upande wetu, alibaki upande ambao hakuuchagua.

Lawama zilinishukia mimi, kwa kuwa ndiye niliyekuwa karibu. Sokoni waliniuliza, "Mama Vizazi, Mlowe wetu yuko wapi?" Muuza nyanya mmoja alinipa mgongo mpaka nikahama kibanda. Ukoo wa Mlowe ulifanya kikao cha pili na kukubaliana tena, mara hii kwamba hawakuwahi kumjua. Stika zilibanduliwa kwenye bodaboda moja baada ya nyingine. Nilishangaa jinsi mtu anavyoweza kupoteza watu wengi hivyo kwa wiki moja.

Kule Sweden mambo ya Festo bado hayajaisha. Ameandikiwa barua, amehojiwa, anasubiri. Elias bado anacheza. Klabu ilimuuliza waandike jina gani kwenye jezi, akaomba waache wazi kwa sasa. Alinipigia siku moja, nikamuuliza hali. "Wakiniuliza natoka wapi," alisema, "sasa nachelewa kujibu." Nilimwambia achelewe tu, hakuna anayemkimbiza. Baada ya kukata simu niliumia sana. Nilisema vile kwa sababu sikuwa na kingine.

Mnataka niseme kama nilifanya vema. Sijui. Kama mnadhani kustaafu kunaleta majibu, subirini zamu yenu.

Jambo la mwisho ni hili. Kibali cha makao makuu kilifika nikiwa na siku nne za kazi zilizobaki. Festo alirudi kutoka Sweden, akaja na mama yake. Elias aliwahi kunisimulia siku yao ya kwanza Mdandu kwa kifupi: bibi alimshika masikio yote mawili, akamgeuza huku na huku, akamwambia ana masikio ya babu yake, kisha akampa kiazi. Sasa nilimwona mwenyewe. Bibi mdogo wa mwili, kitenge kimefungwa juu ya sweta, amekataa kiti cha karibu na jiko akisema yeye si mgonjwa.

Fomu ilimtaka mama ndiye atoe taarifa. Nikamuuliza kama nilivyowauliza maelfu.

"Jina la mtoto?"

"Festo."

"Jinsi?"

"Si unamwona?"

"Alizaliwa wapi, bibi?"

"Nyumbani. Mvua inanyesha, mkunga amechelewa. Nilijizalisha."

Festo alikuwa amekaa pembeni yake, mvi zimeanza, mikono katikati ya magoti kama mtoto aliyeitwa na mwalimu. Nikafika mahali panapouliza mama amezaa watoto wangapi. Watano, alisema. Chini yake panauliza waliofariki ni wangapi.

Bibi alikaza fundo la kitenge chake. Kisha akaniambia taratibu kwamba mumewe alipozikwa, ulisomwa wasifu wake mbele ya watu wote: ameacha watoto wanne, mmoja ametangulia. Yeye ndiye aliyekubali usomwe hivyo, ili watu wa Mdandu waache kumuuliza Festo yuko wapi. Mchungaji aliombea roho ya Festo. Majirani walimletea mahindi ya pole, na aliyala.

Fomu haiachwi wazi. Nikarudia swali, kwa sauti ya chini. Bibi akageuka, akamtazama mwanawe kuanzia viatu mpaka mvi, akaweka kiganja chake juu ya mikono yake miwili.

"Andika hakuna," alisema.

Nikaandika, nikapuliza wino ukakauka.